Vidole Viwili vya Bwana Kitambaa

Kila aliyepita mikononi mwa Bwana Kitambaa aliondoka na vitu viwili: uwezo wa kupiga chapa bila kutazama vidole, na woga wa kuvitazama vidole hivyo hata wakati wa kula. Chuo chake kilikuwa vyumba viwili juu ya duka la rangi na misumari. Ngazi ya kupandia ilikuwa nyembamba, wawili wakikutana katikati ilibidi mmoja arudi alikotoka. Kompyuta zilikuwa kuukuu, nyingine zilikohoa kwanza ndipo zikawaka, lakini mwenye ofisi aliyetaka mpiga chapa wa kuaminika aliipanda ngazi ile bila kunung'unika.

Jina la Kitambaa alipewa na wanafunzi, naye akajifanya halijui. Lilitokana na vitambaa vyeusi alivyoshonewa na mkewe, kimoja kwa kila meza. Mwanafunzi alikitandaza juu ya mikono na kibodi, kikafunika kila kitu, kisha akaambiwa aandike.

"Kila kidole kina nyumba yake," Bwana Kitambaa alikuwa akisema huku akipita kati ya meza. "Wewe ukirudi kwako jioni, unamuuliza jirani mlango wako uko wapi?"

Anayechungulia aliulizwa kama macho yake yana njaa. Anayekosea herufi za pembeni aliambiwa kidole kivivu hakina dawa ila kazi. Watu walicheka, lakini walijifunza, na tusimwonee mtu wa watu: alikuwa mwalimu kweli. Alianza na mashine za taipu, zile za kugonga kama unapigilia mbao, katika ofisi ya ardhi, na alipostaafu alikuwa bado anawaacha nyuma vijana.

Mtihani wake wa mwisho ndio uliokuwa na sifa kuliko yote. Kitambaa kilitandazwa, halafu skrini nayo ikazimwa. Mtahiniwa aliwekewa karatasi ya kunakili kwenye kishikizo, akaandika ukurasa mzima bila kuona kitu, na kazi yake ikaonekana na wote kwa pamoja ilipotoka kwenye printa. Waajiri waliupenda sana mtihani huo. Walikuja, wakapewa viti, wakatazama kama watu waliokuja mpirani.

Basi ikawa kwamba mtu huyo huyo, siku moja akimimina chai, aliona kikombe kinamponyoka mkono wa kulia. Kidole cha mwisho na jirani yake vilikuwa vimekufa ganzi. Hospitali walimwambia mshipa wa fahamu umebanwa kwenye kiwiko, na kwamba amechelewa kuja, kwa hiyo hata wakimpasua hawamwahidi kitu. Alirudi nyumbani akamwambia mkewe, na baada ya hapo hakumwambia mtu. Darasani akaanza kutembea na mkono mfukoni, na wanafunzi wakasema mwalimu siku hizi amekuwa maridadi.

Kwa anayejua kupiga chapa, vidole hivyo viwili vina nyumba maalumu. Cha mwisho ndicho cha P, na jirani yake ndiye wa L na O. Jaribu kuandika Kiswahili bila L uone utafika wapi.

Alimwendea mpwa wake, fundi wa simu mwenye kibanda karibu na stendi, akamweleza kwa kuzungukazunguka, kana kwamba mgonjwa ni rafiki yake.

"Huyo rafiki yako, mjomba, ana vidole vingapi vibovu?" mpwa aliuliza, akiutazama mkono ulioko mfukoni.

"Viwili."

"Mwambie asihangaike. Kuna programu ya kuhamisha vibonye. Ukitaka kibonye hiki kitoe herufi ya kile, unakiambia tu, nacho kinatii."

"Kompyuta yangu ni mzee. Kila ninachoiwekea kipya inazirai."

"Hii nayo ni mzee, mjomba, mtapatana. Aliyeitengeneza aliiacha miaka mingi iliyopita, hakuna anayeigusa tena. Ni nyepesi kuliko picha moja ya simu. Haiombi intaneti, haiombi usajili, unaitoa kwenye flashi unaibonyeza, basi."

Ilikuwa kama alivyosema. Ilipofunguka ilichora kibodi kwenye skrini, cha rangi ya kijivu, bila mapambo. Unabonyeza kibonye, unachagua kitoe nini, unahifadhi. Mpwa aliuliza L na P zihamie wapi, na hapo Bwana Kitambaa akacheka kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu. Darasani alikuwa akiwaita X na Q wageni waliokuja harusini bila kualikwa, maana katika Kiswahili wanakaa tu, hawana shughuli. Wote wawili wako mkono wa kushoto, mkono mzima. Basi wageni wakapewa kazi: X akatoa L, Q akatoa P, na O ikaachiwa kidole cha kati, ambacho kilikuwa kizima. Na kwa kuwa vidole vilivyokufa vilikuwa vikiangukia vibonye vyao vya zamani bila kutumwa, L na P wenyewe wakafungwa kabisa. Ukivigonga, havikutoa chochote.

Aliufundisha mkono wa kushoto upya, wanafunzi wakiwa wametoka kwenda kula, na haikuchukua muda akarudi kwenye kasi yake. Programu aliiweka iamke yenyewe kila kompyuta yake inapowaka. Hakuna mwingine aliyegusa mashine ile, na yeye mwenyewe akaizoea mpaka akaisahau, kama mtu anavyosahau miwani iliyo usoni pake.

Mtu mwingine angejisifu kwa ujanja ule. Angewaita wanafunzi akawaambia tazameni, hata mkono ukifa kuna njia. Yeye aliuficha kama mwizi anavyoficha shati la watu, kwa sababu alikuwa amewaambia wengi mno kwamba kidole kivivu hakina dawa. Aliona aibu mtu kusikia kwamba vya kwake vimelala. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Kifo kilikuwa mbali bado, lakini kuumbuka hakukumsubiri.

Siku ya mtihani ule chuo kilijaa. Karani mkuu wa ofisi ya mawakili, mama mwenye sauti ya kukatia vitunguu, alikuja kutafuta mpiga chapa mmoja, na alikuwa ameshasikia habari za mwanafunzi aliyeitwa Mvua. Mvua alikuwa mama wa watoto wawili, mumewe ameondoka na hatumi hata salamu, na alikuwa akiishi kwa mama yake. Walimwita hivyo kwa sababu akiandika ilikuwa kama mvua juu ya mabati: hakuna tone unaloweza kulitofautisha na jingine. Bwana Kitambaa hakuwahi kuwa na mwanafunzi kama yeye, na alimwambia karani hivyo wakiwa bado kwenye ngazi.

Zamu ya Mvua ilipofika, kompyuta yake ilikohoa, ikazima, ikagoma. Darasa likaguna. Bwana Kitambaa, kwa ukarimu wa mtu anayetazamwa, akanyoosha mkono wake wa kushoto kuelekea meza yake mwenyewe.

"Kaa kwangu," alisema. "Anayestahili kiti cha mwalimu akikalie."

Wakampigia makofi. Mvua akakaa, akatandaza kitambaa, skrini ikazimwa, na mvua ikaanza kunyesha.

Bwana Kitambaa alisimama nyuma yake, uso umemjaa furaha. Aliangalia kitambaa kikitetemeka. Aliona upande wa kulia, mwishoni kabisa, kikiinuka kidogo na kushuka, kidole cha mwisho kimekwenda nyumbani kwake kama kilivyofundishwa. Kikainuka tena. Ndipo alipokumbuka.

Mvua alikuwa hajamaliza hata aya ya kwanza. Lilihitajika neno moja tu: simama. Angesema mashine hii ina mpangilio wangu, nisamehe, tuanze upya, na watu wangesahau kabla ya kufika chini ya ngazi. Lakini angeulizwa, mpangilio gani? Kwa nini? Na karani yule angeutazama mkono wake ulioko mfukoni. Bwana Kitambaa akajiambia ngoja amalize kwanza, nitasema akimaliza. Akasimama pale akisikia kila kibonye kikigongwa, vikiwemo viwili vilivyokuwa bubu, mpaka ukurasa ukaisha.

Karatasi ikatoka. Karani aliichukua mwenyewe, akavaa miwani, akasoma kwa sauti.

"'Mangaji atatakiwa kuondoka aeae...'" Akasita. "Mangaji ni nani huyu? Na aeae ni nini, mnaimba?"

Darasa likaangua kicheko. Karatasi ya kunakili ilikuwa mkataba wa nyumba; ulimtaja mpangaji, na ulitaka aondoke palepale. Ukurasa mzima ulikuwa hivyo, hakuna L hata moja, hakuna P hata moja. Ulionekana ni kazi ya mtu ambaye vidole viwili vya mkono wa kulia vimekufa. Bwana Kitambaa aliutazama ukurasa ule akauona ugonjwa wake umeandikwa pale, chini ya jina la mtu mwingine.

"Mwalimu," Mvua alisema, uso umemsawijika, "nimezigonga zote. Naapa nimezigonga. Mashine hii ina kitu."

Wote wakamgeukia mwalimu. Ilikuwa nafasi ya pili, na haikuwa na kitambaa juu yake.

"Tuitazame," alisema.

Akainama mbele ya kompyuta, mgongo ukiwaziba wengine, akawasha skrini. Pembeni mwa saa kilikaa kialama kidogo cha kijivu. Akakibonyeza, akachagua kufunga, na programu ikaondoka bila kelele, kama mtumishi mwaminifu. Kisha akamwita mwanafunzi aliyeitwa Taratibu, ambaye kasi yake ilikuwa ya kobe aliyekula akashiba, akamwambia aandike: mpangaji, palepale. Taratibu akaandika. Herufi zikatoka zote, moja baada ya nyingine, safi.

Sasa hakuna aliyecheka. Karani akavua miwani. Mvua alikitazama kibodi kama mtu aliyesalitiwa na mbwa wake.

"Ni vidole vyako viwili vya mwisho," Bwana Kitambaa alisema, na sauti yake ilitoka ya upole, hilo ndilo lililokuja kumtesa baadaye, jinsi ilivyokuwa ya upole. "Vinagusa juu juu. Ni uvivu wa vidole. Hutokea mtu akiwa na hofu."

"Ndiyo, Mwalimu," Mvua alisema. "Asante."

Ofisi ya mawakili ikamchukua mwingine kwa majaribio. Mvua alirudi chuoni mara moja tu, kuuliza kama kuna mazoezi ya kuponya uvivu wa vidole. Na Bwana Kitambaa, Mungu amsamehe, alimpa. Alimwambia aweke kiganja mezani, ainue kidole cha mwisho peke yake, akishushe, kisha jirani yake, asubuhi na jioni. Alimwonyesha kwa mkono wa kushoto. Mvua alifuata kwa makini, akashukuru tena, akashuka ngazi.

Tangu siku hiyo chakula chake kilibaki sahanini. Akiwa darasani alisikia mwenyewe maneno yake ya nyumba na vidole, akayaona maneno ya tapeli. Aliacha kumkemea anayechungulia. Usingizi ukawa wa kuibia. Hatimaye mkewe akachoka kumtazama akichezea sahani, akamwambia aseme kilichomsibu au ahame meza. Akamweleza yote.

Mkewe alisukuma sahani pembeni. Alikuwa mwanamke wa utani, na alipokosa utani nyumba nzima ilijua mambo ni mazito.

"Kwa hiyo vidole ni vyako," alisema hatimaye, "na wewe umempa yeye."

"Niliona aibu."

"Na sasa huoni?"

"Sasa naona zaidi."

"Basi afadhali. Jumamosi unakwenda kwao. Usitume mtu, usipige simu. Nenda na hiyo aibu yako miguuni."

Alikwenda asubuhi. Mama yake Mvua alimpokea kwa heshima iliyomchoma, akamfutia kiti kwa upande wa kanga, akamletea chai kabla hajaomba hata maji. Wajukuu wakaambiwa watoke nje wasimsumbue mwalimu. Mvua alikuwa mezani. Mbele yake palikuwa na kibodi chakavu kisichounganishwa na chochote, alichopewa na mtu aliyekuwa akikitupa, na alikuwa akikigonga kwa kidole cha mwisho, juu chini, juu chini.

"Shikamoo, Mwalimu. Umenikuta kwenye dawa yako."

"Marahaba," alisema. "Acha hayo mazoezi, mwanangu. Vidole vyako havina kitu. Havijawahi kuwa na kitu."

Akasema. Alianza vibaya, akaanzia kwenye ofisi ya ardhi, akarudi, akaeleza kiwiko, programu, herufi zilizofungwa, namna alivyokumbuka na kunyamaza, namna alivyoinama akaifunga programu kabla ya kumwita Taratibu. Alipomaliza alingoja tusi. Badala yake mama mtu akajifuta machozi.

"Mungu akuzidishie, Mwalimu," alisema. "Umekuja mpaka hapa kumtia mtoto wangu moyo."

"Mama, sijaja kutia moyo. Nasema kweli."

Mvua alikuwa akitabasamu kwa huzuni. "Mwalimu, usijisingizie kwa ajili yangu. Wewe? Nani ataamini? Mimi nimeshakubali. Nitafanya mazoezi, nitarudi."

Hapo ndipo Bwana Kitambaa alipoijua aibu kwa jina lake. Alikuwa amejenga sifa kubwa kiasi kwamba ukweli wake ulionekana ni uongo wa hisani. Angeweza hata sasa kuinuka, akaacha wamsifu, akaenda zake, na alikiri baadaye kwa mkewe kwamba wazo hilo lilimpitia. Kisha akautoa mkono wa kulia mfukoni, akauweka mezani, kiganja chini.

"Tazameni," alisema.

Akajaribu kuinua kidole cha mwisho. Jasho likamtoka. Kidole kililala vilevile, kimejikunja kidogo, nyama karibu yake imenywea. Akajaribu jirani yake. Kikatetemeka, kikaacha. Mvua alikigusa kidole kile kwa ncha ya kalamu, kwanza kwa upole, kisha akakikandamiza, na Bwana Kitambaa hakushtuka kwa sababu hakusikia chochote.

Tabasamu likafutika usoni mwa Mvua.

"Ulikumbuka nikiwa nimefika wapi?" aliuliza.

"Aya ya kwanza. Hukuwa umeimaliza."

"Ukaniacha."

"Nilikuacha."

"Halafu ukaifunga ile programu, ukamwita Taratibu."

"Ndiyo."

Mvua aliitazama mikono yake mwenyewe, akaigeuza, kana kwamba imerudishwa kutoka kwa fundi. "Nilikwenda hospitali," alisema. "Daktari alinipima, akaniambia vidole vyangu ni vizima. Nikamwona hajui kazi. Nilisema, kama Mwalimu ameshaona tatizo, huyu daktari ni nani?"

Mama yake alinyoosha mkono, akakichukua kikombe cha chai kilichokuwa mbele ya mgeni, bado kimejaa, akakirudisha jikoni. Bwana Kitambaa alibaki akiangalia duara la maji pale kilipokuwa.

"Karani wa mawakili anakuwepo ofisini mpaka adhuhuri," Mvua alisema. Alikuwa ameshasimama, anafunga kilemba. "Yule waliyemchukua yuko kwenye majaribio bado. Twende."

"Leo? Nilifikiri Jumatatu nijiandae, niandike vizuri..."

"Hakuna cha kuandika. Utaweka huo mkono mezani kwake kama ulivyouweka hapa, na utasema kama ulivyosema. Vaa viatu."

Aliinuka akaenda mlangoni alikovivua. Vilikuwa viatu vya kamba, vya kutokea, na asubuhi ile, kama kila asubuhi, kamba zilifungwa na mkewe. Alikuwa hajamwambia mtu hilo. Akaingiza miguu, akapiga goti, akashika kamba. Mkono wa kushoto ulivuta, wa kulia ukaachia. Akaanza upya, ukaachia tena. Mvua alikuwa amesimama upande mmoja wa mlango, mama yake amerudi kutoka jikoni na kusimama upande wa pili, na wote wawili walimwona. Wakati mwingine wowote mmoja wao angekuwa ameshainama kumsaidia mtu mzima. Hakuna aliyeinama.

Bwana Kitambaa akazisokomeza kamba ndani ya viatu, akainuka, akamfuata Mvua barabarani.